Jina Lisiloonekana Kwenye Skrini: Kisa cha Mwandishi wa Skripti wa Hollywood, 1947–1971

Kuhusu kisa hiki

Kisa hiki kinamhusu mwandishi wa filamu na televisheni wa Marekani. Alipanda haraka, akaangushwa kwa dakika chache mbele ya kamera, akaandika miaka mingi bila jina lake kuonekana popote, kisha akarudi. Jina lake, majina ya filamu zake na ya watu wa nyumbani kwake nimeyaacha. Yeye nitamwita Mwandishi, na mwenzake waliyefanya kazi pamoja katika miaka ile migumu nitamwita Rafiki. Miaka, taasisi, hukumu na fedha ni vya kweli. Anayeijua vizuri historia ya Hollywood huenda akamtambua, na hilo halina neno.

Nimekichagua kwa sababu ya swali ninaloulizwa kila nikikaa na vijana wanaoandika tamthilia: "Maadamu nimelipwa, jina la nini?" Mtu anatuma skripti kwa simu, anapokea chake, kipindi kinarushwa kwa jina la mwingine, naye anasema si kitu, kodi ya nyumba imelipwa. Mwandishi wa kisa hiki naye alilipwa. Nataka tuone ni nini kilimtoka wakati fedha zinaingia, na ni njia gani alizotumia kujinusuru.

Usuli

Alizaliwa mwaka 1915 katika nyumba ya kalamu. Baba yake alikuwa mwandishi wa hadithi na wa magazeti aliyejulikana nchi nzima. Kijana alisoma chuo kikuu miaka miwili akaacha, akawa ripota wa gazeti New York, halafu akaenda Hollywood kufanya kazi katika idara ya matangazo ya prodyuza mmoja mkubwa. Kuandika alianzia pembeni, kwa kurekebisha maonyesho ya skripti za watu wengine, kazi ambayo haikumpa nafasi ya kutajwa.

Inafaa tuelewe studio za wakati ule zilivyofanya kazi, maana kisa kizima kimesimama hapo. Mwandishi alikuwa mwajiriwa. Alikuwa na chumba chake ndani ya studio, alilipwa kwa wiki, na alichoandika kilikuwa mali ya studio. Skripti moja iliweza kupita mikononi mwa watu wanne au watano kabla ya kamera kuwashwa, na mwisho studio ndiyo iliyoamua nani atajwe. Prodyuza akitaka kumweka mtu wake, alimweka. Waandishi waliunda chama chao, Screen Writers Guild, mwaka 1933, wakahangaika karibu miaka tisa kabla ya kupata mkataba wa kwanza na studio mwaka 1942. Jambo kubwa walilolipata humo lilikuwa mamlaka ya kuamua nani anastahili kutajwa. Ukitokea ubishi, waandishi wenyewe walisoma rasimu zote na kutoa uamuzi. Kwa watu wasiomiliki hata ukurasa mmoja wa walichoandika, kutajwa ndiyo mali pekee waliyoondoka nayo mlangoni.

Mwandishi alikuwa mtu wa chama hicho, na alikuwa pia mwanachama wa chama cha kikomunisti tangu miaka ya 1930. Haikuwa kosa la jinai. Ulikuwa wakati wa njaa na ukosefu wa kazi Marekani, Hitler akiwa ameshika Ujerumani na vita vikiwaka Hispania. Ndugu yake mmoja aliuawa huko Hispania mwaka 1938 akipigana upande wa Jamhuri.

Machi 1943, akiwa na miaka 27, alipokea Oscar ya skripti bora ya kubuni pamoja na mwandishi mwingine. Kufikia mwaka 1947 studio ya Twentieth Century-Fox ilikuwa inamlipa dola 2,000 kwa wiki. Familia ya kawaida ya Marekani mwaka huo ilipata takriban dola 3,000 kwa mwaka mzima.

Mambo yalivyotokea

Septemba 1947 aliletewa hati ya kuitwa Washington, mbele ya kamati ya Baraza la Wawakilishi iliyochunguza kile ilichokiita shughuli zisizo za Kimarekani. Watu wa filamu 19 waliojulikana kuwa hawatashirikiana na kamati walipata hati hizo, na 11 wakaitwa kizimbani. Mmoja wao, mwandishi wa tamthilia wa Kijerumani Bertolt Brecht, alijibu maswali kisha akaondoka Marekani. Waliobaki ndio wakaitwa Kumi wa Hollywood.

Zamu ya Mwandishi ilifika tarehe 30 Oktoba. Alikuja na tamko lililoandikwa, akanyimwa nafasi ya kulisoma. Aliulizwa kwanza kama ni mwanachama wa chama cha waandishi, halafu kama ni mkomunisti au aliwahi kuwa. Mwenyekiti, J. Parnell Thomas wa New Jersey, aligonga nyundo yake na kumshinikiza ajibu. Mwandishi akasema angeweza kulijibu swali hilo, lakini akilijibu angejichukia kesho yake asubuhi. Akaamriwa atoke, askari wakamwondoa kitini. Kazi ya miaka kumi ilifika ukingoni kwa muda unaotosha kunywa kikombe cha chai.

Tarehe 24 Novemba Baraza la Wawakilishi lilipiga kura 346 kwa 17 kuwashtaki Kumi kwa kulidharau. Siku hizohizo wakuu wa studio walikuwa wamekutana katika hoteli ya Waldorf-Astoria, New York, na tarehe 25 wakatoa tamko: Kumi hao wataachishwa au kusimamishwa bila malipo, na hakuna atakayeajiriwa tena mpaka ashinde kesi au ajisafishe, na aape kwamba si mkomunisti. Fox ikamfukuza Mwandishi. Alifungua kesi ya kuvunjiwa mkataba, lakini mwaka 1954 mahakama ya rufaa iliipa kampuni ushindi.

Kesi ya jinai ilienda polepole. Wawili kati ya Kumi walitangulia kuhukumiwa, na wengine wakakubali kufuata matokeo yao. Mahakama Kuu ya Marekani ilikataa kusikiliza rufaa Aprili 1950. Mwandishi alipewa mwaka mmoja na faini ya dola 1,000, akapelekwa gereza la Danbury, Connecticut. Huko alimkuta J. Parnell Thomas, mwenyekiti yuleyule, amefungwa kwa kuandikisha wafanyakazi hewa na kula mishahara yao. Thomas alikuwa akilisha kuku wa gereza. Mwandishi, kwa kuwa alijua kupiga chapa, aliwekwa ofisini.

Muda mfupi kabla hajafungwa, Juni 1950, kilikuwa kimetoka kijitabu Red Channels kilichoorodhesha watu 151 wa redio na televisheni waliodaiwa kuwa na mwelekeo wa kikomunisti. Televisheni ya Marekani ya wakati huo iliishi kwa wadhamini. Kampuni moja ya sabuni au ya dawa ya nywele iliweza kubeba kipindi kizima, na barua chache za malalamiko ziliitosha kumkataa mtu. Desemba mwaka huo kituo cha CBS kiliwataka wafanyakazi wake wajaze fomu ya kuthibitisha utiifu wao kwa taifa.

Alitoka gerezani Aprili 1951. Mlango wa filamu ulikuwa umefungwa, wa televisheni ulikuwa unafungwa. Aliishi miezi kadhaa Mexico, kisha akarudi pwani ya mashariki ya Marekani. Riwaya aliyoianza gerezani ilichapishwa mwaka 1954 kwa jina lake halisi, kwa sababu wachapishaji wa vitabu hawakufungwa na tamko la Waldorf. Riwaya haikutosha kulisha nyumba yenye watoto.

Mlango ukafunguka London. Hannah Weinstein, Mmarekani aliyehamia Uingereza na kuanzisha kampuni ya Sapphire Films, alikuwa anatayarisha tamthilia ya Robin Hood kwa ajili ya ITV, kituo kipya cha biashara kilichoanza kurusha matangazo Septemba 1955. Aliamua kuwatumia waandishi wa Marekani waliofungiwa. Mwandishi na Rafiki waliandika kipindi cha kwanza na vingine vingi. Tamthilia ilifika vipindi 143. CBS, kituo kile cha fomu za utiifu, iliinunua na kuirusha kila Jumatatu jioni, watoto wa Marekani wakiwa wamekaa sakafuni wanamtazama mtu wa msituni akimnyang'anya tajiri.

Maamuzi makuu na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ulikuwa kutojibu, na hapo palikuwa na njia tatu. Angeweza kukubali uanachama na kutaja wenzake. Angeweza kutumia Marekebisho ya Tano ya Katiba, haki ya mtu kutojitia hatiani. Au angeweza kusimama juu ya Marekebisho ya Kwanza, uhuru wa mawazo na kusema, na kudai kwamba kamati haina haki hata ya kuuliza. Mawakili na wateja wao walichagua ya tatu. Njia ya Tano ilionekana kama kukiri kwamba kuna kosa, na wao hawakuwa na kosa. Tena walikuwa wamehesabu majaji: katika Mahakama Kuu ya mwaka 1947 waliona kura za kutosha.

Hesabu hiyo iliharibika kwa vifo. Jaji Murphy alifariki Julai 1949 na Jaji Rutledge akafuata Septemba. Wote wawili walitegemewa. Waliochukua nafasi zao walikuwa na mtazamo mwingine, na rufaa ikakataliwa.

Uamuzi wa pili ulikuwa namna ya kuzungumza. Walikubaliana wasiseme waziwazi "sijibu". Kila mmoja aseme anajibu kwa njia yake, ili suala la kisheria libaki wazi. Aliyesikiliza redioni alichosikia ni watu wanaozungukazunguka swali na wengine wanaopiga kelele. Kundi la nyota waliokuja Washington kwa ndege kuwaunga mkono, Humphrey Bogart akiwa mmoja wao, lilivunjika ndani ya wiki chache, na Bogart mwenyewe akatangaza kwamba safari ile haikuwa ya busara.

Uamuzi wa tatu aliufanya baada ya gereza: asijisafishe. Njia ilikuwepo na kila mtu aliijua. Edward Dmytryk, mwongozaji aliyekuwa mmoja wa Kumi, alirudi mbele ya kamati mwaka 1951, akataja majina, akapata kazi. Mwandishi alikataa, akijua bei yake.

Wa nne ulikuwa kufanya kazi wawili wawili. Rafiki hakuwa mmoja wa Kumi. Kabla hajafungiwa yeye mwenyewe, aliwahi kuweka jina lake juu ya hadithi ya filamu iliyoandikwa na Dalton Trumbo, mwenzao wa Kumi, ili iweze kuuzwa, na fedha akampelekea Trumbo. Alikuwa mtu aliyekwisha kupimwa, na Mwandishi alijua hivyo alipoketi naye kuandika.

Wa tano ulikuwa wa kubadili majina ya bandia mara kwa mara. Huu naomba tuuangalie kwa karibu, kwa sababu ndipo ufundi ulipo. Katika televisheni ya New York, tamthilia zilipokuwa zinarushwa moja kwa moja, mwandishi alitakiwa awepo kwenye mazoezi. Aliyefungiwa alihitaji mtu mwenye mwili wa kukaa mahali pake, wa kukunja uso na kusema "mstari huu nitaurekebisha", kisha akimbilie simu kumuuliza mwenye skripti. Watu wa namna hiyo walichoka, au waliogopa, au walianza kuamini sifa wanazopewa. London ilikuwa mbali. Skripti ilikwenda kwa posta na maelekezo yakarudi kwa posta, na hakuna aliyetegemea kumwona mwandishi. Jina la karatasi lilitosha.

Lakini jina la karatasi nalo lina ugonjwa wake. Likitokea mara nyingi juu ya vipindi vizuri, bosi wa kituo au mdhamini New York atauliza: huyu ni nani, tunaweza kumwalika chakula cha mchana? Ndiyo maana jina halikuachwa likae muda mrefu. Likianza kuzoeleka, linazikwa na lingine linazaliwa. Kila jina jipya lilihitaji njia yake ya kupokea hundi, kwa sababu benki haimlipi mtu asiyekuwepo.

Kwa miaka hiyo hakuweza kwenda London kukaa na watayarishaji wake. Serikali ya Marekani iliwanyima pasipoti watu wa aina yake mpaka Juni 1958, Mahakama Kuu ilipoamua kwamba Wizara ya Mambo ya Nje haina mamlaka ya kumnyima mtu pasipoti kwa sababu ya imani yake.

Matokeo

Orodha nyeusi, yaani ule utaratibu wa kuwanyima kazi walioshukiwa ukomunisti, ilianza kumomonyoka kwa kuonekana haina maana. Mwaka 1957 Oscar ya hadithi bora ilikwenda kwa mtu aitwaye Robert Rich, na hakuna aliyesimama kuichukua, kwa kuwa Robert Rich alikuwa Trumbo. Mwaka huohuo Akademia, taasisi inayotoa Oscar, ilikuwa imeweka kanuni ya kuwanyima tuzo waliofungiwa. Iliifuta Januari 1959. Mwaka mmoja baadaye mwongozaji Otto Preminger alitangaza hadharani kwamba Trumbo ndiye mwandishi wa filamu yake mpya.

Kwa Mwandishi ilichelewa zaidi. Jina lake lilirudi kwenye skrini mwaka 1965, akigawana nafasi na mwandishi mwingine. Alikuwa na miaka 32 alipofukuzwa. Sasa alikuwa na 50.

Kisha akatumiwa nakala ya riwaya ambayo haijatoka bado, ya madaktari wa jeshi katika vita vya Korea, aitolee maoni. Aliona filamu ndani yake, akaipeleka kwa mtu aliyekuwa wakala wake, ambaye sasa aligeuka prodyuza. Studio iliyokubali kuitengeneza ilikuwa Twentieth Century-Fox, ileile iliyomfukuza Novemba 1947. Filamu ilitoka mwaka 1970, na mwaka 1971 alipata Oscar yake ya pili, ya skripti iliyotokana na kitabu. Akiwa jukwaani alisema hatimaye ameuona mpangilio wa maisha yake: kila baada ya miaka 28 anapata moja, basi wakutane tena mwaka 1999. Aliuona mwaka 1999. Alifariki mwaka 2000, wa mwisho kati ya Kumi.

Kilichofaa

Mbali lilikuwa jambo jema. Ninaposoma visa vya waliofungiwa, naona waliotegemea mtu wa kukaa mahali pao New York waliishi kwa wasiwasi wa kila siku. Aliyepata soko nje ya nchi aliweza angalau kulala. Weinstein aliwahitaji kweli, kwa sababu walijua kujenga kisa cha nusu saa chenye mwanzo, kikwazo na mwisho, na wao walihitaji mnunuzi ambaye sheria na woga wa Washington haukumfikia.

Uaminifu wa watu wawili ulifaa zaidi. Mpango wote wa majina bandia ulisimama juu ya neno la mdomo. Hakukuwa na mkataba ambao ungeweza kupelekwa mahakamani bila kufichua kila kitu. Wakatafuta mtu ambaye tayari alikuwa amebeba jina la mwenzake na kufikisha fedha. Waandishi wengi wa kwetu huchagua mshirika kwa kipaji. Mwandishi alimchagua kwa rekodi ya uadilifu, na kipaji kilikuwepo pia.

Kilifaa pia kitu ambacho si mbinu: hakuacha kuandika mambo aliyoyaamini. Robin Hood alimpa msitu mzima wa kuzungumzia kodi za dhuluma, watawala wanaotumia sheria kuwanyamazisha watu, na majirani wanaotakiwa kuwataja majirani. Mtoto aliona panga na mishale. Mzazi aliyekuwa na masikio alisikia Washington. Ni jambo ambalo waimbaji na washairi wa Kiswahili wamelifanya tangu zamani kwa mafumbo, na huwa linanigusa kuona watu walionyimwa majina yao bado wanasema walichotaka kusema.

Kilichoshindwa

Mkakati wa kisheria ulishindwa, lakini nadhani unalaumiwa kuliko unavyostahili. Mashahidi wa mwaka 1951 na baadaye walitumia Marekebisho ya Tano na wengi wao waliepuka jela. Kazi hawakupata. Tofauti kati ya njia mbili ilikuwa miezi kumi ya gereza, ambayo si midogo, ila orodha nyeusi ingewafikia kwa vyovyote. Kosa ninaloliona mimi ni la namna ya kusema. Kama wangesema kwa sentensi moja tulivu, "Kamati hii haina haki ya kuniuliza hilo, na sitajibu," marafiki wao wangekuwa na kitu cha kutetea.

Chama kilishindwa, na hili ndilo linalonisumbua kuliko yote. Mamlaka ya kuamua nani atajwe yalipatikana mwaka 1942 baada ya karibu miaka tisa ya mapambano. Mwaka 1952 chama hichohicho kilizikubalia studio kuondoa kwenye skrini jina la yeyote ambaye hakujisafisha mbele ya Bunge. Miaka kumi tu. Waliotia saini hawakuwa maadui wa waandishi. Walikuwa waandishi walioogopa kwamba wakitetea wachache watapoteza wengi. Kuanzia hapo studio iliweza kutumia skripti ya mtu na kulifuta jina lake bila kuvunja mkataba wowote.

Sasa turudi kwenye swali la vijana wangu: nikilipwa, jina la nini? Tazama hesabu. Katika biashara ya skripti, bei ya kazi yako inayofuata inatokana na kazi iliyotangulia na kuonekana. Mwandishi wa Oscar ya 1943 alipanda mpaka dola 2,000 kwa wiki kwa sababu kila prodyuza aliweza kunyoosha kidole kwenye skrini na kusema, huyu ndiye. Tamthilia ya vipindi 143, iliyopendwa pande zote mbili za Atlantiki, ilipaswa kumpandisha juu zaidi. Haikumpandisha hata hatua moja. Mafanikio yaliandikwa kwa majina ambayo hayakuwa na mtu, na majina hayo yalikuwa yanazikwa kabla hayajapata thamani. Hatua ileile iliyomlinda asijulikane ndiyo iliyohakikisha kwamba kila skripti inaanza sifuri. Alikuwa kama mkulima anayevuna kila msimu na kuchoma mbegu.

Kuna la pili, ambalo fedha haziligusi. Aliyejificha haambiwi amekosea wapi. Hasikii mwongozaji akilalamika mazoezini, hasomi uhakiki wenye jina lake, hapigiwi simu na mwandishi chipukizi anayemwomba ushauri. Miaka 18 katikati ya maisha, umri ambao fundi wa kazi yoyote huwa amekomaa na anafundisha wengine, aliipitisha chini ya maji.

Na kuna mkewe. Alikuwa mwigizaji wa redio na televisheni, naye akafungiwa. Mumewe aliweza kutunga jina jipya jioni na kulituma London asubuhi. Mwigizaji angetunga uso gani? Katika masimulizi ya miaka ile yeye hutajwa kwa sentensi moja, na ndivyo nilivyofanya mimi pia hadi hapa. Ukipima hasara ya nyumba ile kwa skripti na Oscar peke yake, umeiacha nusu nje.

Filamu ya 1970 nayo ina fundo lake. Mwongozaji aliwaachia waigizaji wabuni maneno kwa wingi, kiasi kwamba sehemu ya mazungumzo unayoyasikia haikutoka kwenye skripti. Mwaka 1955 kazi ilikuwa yake na jina halikuwa lake. Mwaka 1970 jina lilikuwa lake na baadhi ya maneno hayakuwa yake. Hata hivyo umbo la hadithi, uamuzi kwamba kitabu hicho ni filamu, na njia kilivyofika kwa prodyuza, vyote vilitoka mezani kwake, na kutajwa huko alikistahili.

Karatasi zilizobaki

Jambo moja la vitendo. Kazi ya kurudisha majina ilipoanza baadaye, chama cha waandishi hakikuweza kutegemea hisia. Kilihitaji rasimu, barua na ushuhuda wa waliokuwepo. Aliyetunza makaratasi yake alikuwa na pa kuanzia. Aliyechoma kila kitu kwa hofu ya wapelelezi, ambayo ilikuwa hofu ya haki kabisa, aliwaachia watoto wake masimulizi tu.

Ile hadithi ambayo Rafiki aliibeba kwa niaba ya Trumbo iliendelea kusomeka kwa jina la Rafiki kwa miongo kadhaa, pamoja na Oscar yake ya mwaka 1954. Akademia ilimtambua Trumbo mwaka 1993, wakati amekwisha kufariki, na sanamu ikapokelewa na mjane wake. Chama cha waandishi kilikamilisha kurudisha jina lake kwenye skripti yenyewe Desemba 2011, miaka 58 baada ya filamu kutoka. Waliofuatilia walikuwa mtoto wa Trumbo na mtoto wa Rafiki, wakiwa pamoja, kila mmoja akisema baba yake alimweleza nini.